Deni Mlipe, Fidia Mlipwe: Kisa cha Mita ya Quezon City

Ijumaa ya tarehe 3 Machi 1995, mnamo saa tatu asubuhi, wakaguzi wa Manila Electric Company, kampuni ambayo Wafilipino huiita Meralco, walishuka katika barabara moja ya watu wenye uwezo huko Quezon City. Walikuwa wametumwa kukagua mita zote za umeme wa njia moja za barabara ile. Katika nyumba ya mume na mke mmoja, aliyewaruhusu kuifikia mita ni katibu wa wenye nyumba. Wakaitazama, wakaona dosari nne, wakamweleza katibu kwamba mita inang'olewa na kupelekwa kupimwa maabara. Wakarudi na jibu: mita imechezewa, kwa hiyo zilipwe peso 178,875.01, la sivyo umeme unakatwa. Ukakatwa siku hiyohiyo. Mnamo saa nane mchana ofisa wa zamu wa kampuni akaamuru urudishwe.

Yote hayo yalikuwa ya saa chache. Kesi iliyozaliwa humo ilidumu miaka saba, ikapanda ngazi tatu za mahakama, na tarehe 3 Aprili 2002 Mahakama ya Juu ya Ufilipino ikaitolea hukumu iliyosajiliwa kama G.R. Na. 142943. Majina ya wenye nyumba nayaacha, kwa kuwa hayaongezi kitu katika hoja. Nimeichagua kesi hii kwa sababu mashauri mengi ya mita huishia kwa mmoja kushinda na mwingine kushindwa: ama mteja ni mwizi, ama kampuni ni dhalimu. Hapa majaji walisema mita ilichezewa na mteja anadaiwa, kisha wakasema kampuni ilikata umeme kinyume cha sheria na inadaiwa nayo. Mawakili wa pande zote mbili huitumia hukumu hii, kila mmoja akisoma nusu inayomfaa.

Kwanza sheria yenyewe. Desemba 1994, wakati wa Rais Fidel Ramos, Ufilipino ilipata Sheria ya Jamhuri Na. 7832 dhidi ya wizi wa umeme na wa vifaa vya njia za umeme. Walioitunga walikuwa wanaujua mtaa. Humo imetajwa tundu iliyotobolewa kwenye kioo cha mita. Imetajwa chumvi na sukari ndani ya mita. Zimetajwa lakiri, yaani mihuri ya kufungia mita, zilizovunjwa au za bandia, nyaya za kurukia mita, transfoma ya kugeuza mkondo wa umeme, hata mfanyakazi wa shirika la umeme anayepokea fedha ili afumbe macho. Kwetu huyo angeitwa kishoka, yaani fundi wa umeme wa njia za panya, au bwana mkubwa anayemlinda kishoka.

Ukali huo ulikuwa na sababu. Umeme unaoibwa haupotei hewani. Gharama yake huingia katika hesabu ya upotevu, na upotevu husambazwa katika bili za wateja wanaolipa. Sheria hiyohiyo iliweka kikomo cha upotevu ambao kampuni binafsi inaruhusiwa kuwabebesha wateja, kikishuka mwaka hadi mwaka mpaka asilimia 9.5. Kwa hiyo Meralco ilibanwa pande mbili: idhibiti wizi, au imeze hasara. Tukiwatazama wakaguzi wa asubuhi ile kama watu waliokwenda kuonea tu, tutakuwa tumekisoma kisa nusu.

Sheria ikaipa kampuni silaha kubwa. Dalili mojawapo kati ya hizo ikionekana, inahesabiwa kuwa ushahidi wa kutosha kwa kuanzia kwamba anayenufaika na umeme huo anauiba, na ni juu yake sasa kuupangua. Kampuni haihitaji kuthibitisha nani alishika bisibisi usiku gani. Lakini silaha hiyo ilifungwa kufuli moja: ugunduzi wa dalili lazima ushuhudiwe ana kwa ana na kuthibitishwa na ofisa wa sheria, au na mwakilishi aliyeidhinishwa wa Bodi ya Udhibiti wa Nishati, chombo kilichosimamia sekta hiyo kabla ya tume mpya kuchukua nafasi yake mwaka 2001. Kesi nzima ilikuja kuning'inia kwenye kufuli hilo.

Dosari nne

Walichokiona wakaguzi ni hiki: lakiri ya kwenye terminali, pale nyaya zinapoungwa na mita, haikuwapo; lakiri ya mfuniko ilikuwa imepindapinda; mishale ya kuhesabia ilikuwa imekaa shaghalabaghala; na bati la ndani lilikuwa na mikwaruzo. Inafaa tuzichambue, maana si zote zina uzito mmoja.

Mita ya zama zile ni ya sahani ya alumini inayozunguka kadiri umeme unavyopita. Sahani huendesha meno madogo, na meno huendesha mishale kwenye vijiduara vya uso wa mita: kimoja cha mamoja, kingine cha makumi, cha mamia na cha maelfu. Kwa kuwa mishale yote imeunganishwa kwa meno, hakuna unaoweza kwenda peke yake. Mshale wa mamia ukiwa katikati ya 4 na 5, ule wa makumi hauna budi kuwa karibu na 5. Ukiukuta uko kwenye 9, meno hayakuufikisha hapo; ama mita ni mbovu, ama mkono wa mtu umeusogeza. Ndiyo maana fundi wa mita huitazama mishale kabla ya kitu kingine chochote. Mtu aliyetaka kurudisha nyuma uniti mia tatu husogeza mshale mmoja na kuusahau wa jirani yake.

Mikwaruzo kwenye bati la ndani husimulia jambo linaloshabihiana na hilo: kuna kifaa kilichoingia mahali ambapo mtumiaji hana sababu ya kufika. Lakiri ya mfuniko iliyopinda ni dalili ya wastani. Inaweza kuwa imefunguliwa na kurudishwa, inaweza pia kuwa imegongwa na ngazi ya msomaji mita. Lakiri ya terminali iliyokosekana ndiyo dhaifu kuliko zote. Kitu ambacho hakipo hakisemi kiliondoka lini, wala nani alikiondoa. Mita yenyewe ni mali ya kampuni, na wanaoifikia mara kwa mara ni watu wa kampuni.

Zikiwa pamoja, hata hivyo, dosari nne zina nguvu ambayo hakuna hata moja inayo peke yake. Majaji waliziona hivyo, nami sina ugomvi nao katika hilo.

Langoni alikosekana mtu mmoja

Wenye nyumba walikimbilia mahakama ya mkoa ya Quezon City, wakaomba fidia na amri ya kulinda umeme wao. Jaji wa ngazi ile alikubaliana nao. Mahakama ya Rufaa mwaka 2000 ikageuza kila kitu: ikaona kampuni ilikuwa na haki ya kukata, na ikakubali madai kinzani ya Meralco ya peso 193,332.96. Angalia tofauti ya tarakimu. Siku ya ukaguzi deni lilikuwa 178,875.01, mahakamani likawa 193,332.96. Mita ni ileile na mdai ni yuleyule. Mtu aliyeambiwa asubuhi alipe mara moja au akatiwe umeme alikuwa akitakiwa kulipa kiasi ambacho mdai mwenyewe alikuja kukibadilisha.

Shauri lilipofika Mahakama ya Juu, Jaji Artemio Panganiban, ambaye baadaye alikuwa Jaji Mkuu, aliandika hukumu ambayo sentensi yake ya kwanza inamaliza nusu ya mgogoro: Meralco inaweza kukata umeme papo hapo kwa madai ya kuchezewa mita, lakini tu ikiwa ugunduzi umeshuhudiwa ana kwa ana na ofisa wa sheria au mwakilishi wa bodi. Ushahidi ulionyesha kwamba palepale ukutani walikuwapo wakaguzi wa kampuni na mtu wa nyumbani tu. Polisi hakuwapo wala mtu wa bodi.

Kampuni ilijitetea kwamba watu wa bodi walikuwapo maabara wakati mita inapimwa. Utetezi huu unavutia ukiusikia mara ya kwanza, kwa sababu maabara ndiko kwenye vipimo na mwanga. Majaji waliukataa, wakasema uwepo wa maabara hauzibi pengo la nyumbani. Mimi ningeongeza sababu ambayo hukumu haikuirefusha: kati ya ukuta na maabara pana bisibisi ya kung'olea mita, pana gari na pana barabara. Shahidi wa maabara anaweza kusema mita aliyoiona ina mikwaruzo. Hawezi kusema ilikuwa nayo ilipokuwa ukutani. Na kuhusu lakiri iliyokosekana hana la kusema kabisa, maana lakiri iliyong'olewa mwaka juzi na lakiri iliyodondoka njiani zikifika mezani zinafanana: zote hazipo.

Mahakama ilirudi hadi kwenye mjadala wa Seneti. Seneta John Osmeña, aliyeandika muswada, alikuwa ameonya mapema kwamba kampuni kama Meralco ikikuta dalili hizo iwe na busara ya kuita mamlaka, polisi au idara ya upelelezi, ije ithibitishe. Ikikata kwa kuyategemea macho yake yenyewe, kisha mteja akakana mahakamani, itajikuta taabani. Ni nadra kumkuta mtunga sheria aliyetabiri kesi kwa usahihi namna hii. Ukaguzi wa Quezon City ulifanyika miezi michache tu baada ya sheria kusainiwa, na mambo yakawa kama alivyosema.

Kilichonishangaza zaidi ni jinsi sharti lenyewe lilivyo jepesi. Kanuni za utekelezaji zinamtafsiri ofisa wa sheria kwa upana mkubwa: askari polisi yumo, meya yumo, diwani yumo, na yumo pia mkuu wa barangay, yaani kiongozi wa ngazi ya chini kabisa ya utawala, anayelingana na mwenyekiti wetu wa serikali ya mtaa. Kampuni iliyopanga kukagua barabara nzima kwa siku moja ilishindwa nini kumpitia mtu huyo asubuhi na kutembea naye? Gharama yake isingefikia hata sehemu ndogo ya ada za mawakili wa miaka saba.

Kisha hukumu ikapanda sauti, na sauti hiyo ndiyo iliyoifanya ikumbukwe. Mahakama ilisema haiwezi kuiachia kampuni iwe mwendesha mashtaka na hakimu kwa wakati mmoja, tena kampuni yenye ukiritimba inayopata nguvu zake kutoka kwa serikali. Kuipa mamlaka ya kukata peke yake ni kuipa leseni ya kuwatawala kimabavu wateja wasio na pa kukimbilia. Hapo majaji walijenga juu ya hukumu yao ya 1988 dhidi ya Meralco hiyohiyo, iliyosema kwamba umeme umekuwa hitaji la lazima kwa watu wa Manila na vitongoji vyake, kwamba kampuni ina ukiritimba, na kwa hiyo kukata bila taarifa ya maandishi ni kosa la madai linalolipiwa fidia.

Kulikuwa na utetezi wa pili, wa mkataba. Meralco ilionyesha kifungu kwenye masharti ya huduma kinachoiruhusu kusitisha umeme ili kuzuia udanganyifu. Wateja wengi hushtuka wakionyeshwa karatasi waliyoisaini bila kuisoma, wakadhani wamekwisha. Lakini kifungu hicho kikisomwa mpaka mwisho kinasema kwamba kabla ya kukata kwa sababu ya udanganyifu, bili irekebishwe kwanza, na mteja asipoilipa bili iliyorekebishwa ndipo umeme ukatwe. Huwezi kurekebisha bili, kumkabidhi mteja, kumpa nafasi ya kulipa na kumkatia, yote kati ya saa tatu asubuhi na chakula cha mchana. Ngao ya kampuni ikawa ushahidi wa mteja.

Fidia, na ile iliyokataliwa

Mke alieleza mahakamani jinsi shughuli zake za siku hiyo zilivyovurugika, akadai hasara halisi. Hakupata hata peso moja chini ya kichwa hicho, kwa kuwa alichokuwa nacho ni maneno yake tu. Hapana stakabadhi, hapana shahidi wa pili. Hasara halisi ni jambo la karatasi, Manila kama Mwanza. Nimewaona wenye maduka ya samaki wakiugulia friji iliyoharibika bila hata picha moja ya mzigo uliooza, na huwa najua mapema madai yao yatafia wapi.

Walichopewa ni peso 100,000 kwa maumivu ya nafsi, 50,000 kama fidia ya kuadabisha, na 50,000 za wakili. Jumla 200,000. Msingi wa fidia ya maumivu ulikuwa kwamba walinyimwa utaratibu wanaostahili, wakatendewa kama wezi waliokwisha kuhukumiwa. Kwamba umeme ulirudi mchana uleule hakukuiokoa kampuni. Iwapo mtu ataniuliza hukumu hii ina thamani gani kwa mteja wa kawaida, nitamwonyesha hapo: muda wa giza ulikuwa mfupi, na bado kosa likahesabiwa kosa.

Nusu ya pili, ambayo haijanituliza

Baada ya kuipiga kampuni hivyo, mahakama iligeuka na kuwaamuru wenye nyumba walipe peso 193,332.96 zote. Hoja yake ni kwamba kukosekana kwa ofisa wa sheria kunaivua kampuni haki ya kukata papo hapo na ile dhana ya awali ya wizi, lakini hakuifuti mita. Deni ni suala la madai. Linapimwa kwa mizani ya ushahidi upi umezidi mwingine, na ushahidi wa Meralco, wa karatasi na wa mashahidi, ulizidi.

Kimantiki inasimama. Kama mtu ametumia umeme wako wa laki mbili, askari asipokuwapo langoni hilo halimfanyi asiwe ameutumia. Kuliachia deni lote kwa sababu ya kosa la utaratibu kungewarudishia mzigo wateja wengine kupitia hesabu ya upotevu. Namwelewa Panganiban.

Kinachonisumbua ni kwamba ushahidi wa deni unaanzia kwenye ukaguzi uleule usio na shahidi. Dosari nne zilionwa kwanza na nani? Na wakaguzi wa kampuni. Mita ilibebwa na nani? Na kampuni. Hesabu ya uniti zisizosomwa ilifanywa na nani? Na kampuni. Ukisema katika ukurasa mmoja kwamba macho ya wakaguzi peke yake hayatoshi kumkatia mtu umeme, unahitaji kueleza kwa kina kwa nini, kurasa chache mbele, macho hayohayo yanatosha kumdai karibu laki mbili. Jibu la kwamba mizani ni tofauti ni sahihi kisheria, ila kwa mtu aliyesimama langoni kwake akiangalia mita ikipakiwa garini, tofauti hiyo ni nyembamba sana.

Ipo pia namna sheria inavyohesabu. Bili ya tofauti inaweza kujengwa juu ya mwezi uliokuwa na matumizi makubwa kuliko yote katika miaka mitano iliyotangulia ugunduzi. Au juu ya makadirio ya vifaa vilivyokutwa ndani. Au juu ya wastani mkubwa kati ya ule wa kabla na ule wa baada ya matumizi kuporomoka ghafla. Au juu ya mwezi mkubwa kuliko yote katika miezi minne baada ya ugunduzi. Au juu ya kipimo cha bodi. Muda wa kudai nao huanzia pale matumizi yaliposhuka ghafla, au mita au lakiri ilipobadilishwa, na kama hakuna alama hiyo, unaweza kurudi nyuma hadi miezi 60. Haupungui mwaka mmoja. Karibu kila mlango ukiufungua, unakuta tarakimu kubwa nyuma yake. Mwenye nyumba anayetaka kushindana anatakiwa aeleze kwa nini alitumia kidogo: watoto walikwenda chuo, friji kubwa liliuzwa, familia ilisafiri. Ni nani anayetunza kumbukumbu kama hizo za miaka mitano?

Sheria inamwachia njia moja ya haraka: aweke amana ya kiasi anachodaiwa, kwa kampuni au mahakamani, na umeme usikatwe, au urudishwe mara moja. Akishinda baadaye, fedha zinahesabiwa kwenye bili zake zijazo pamoja na riba. Utaratibu mzuri kwa mwenye akiba. Peso 178,875 za mwaka 1995 zilikuwa karibu dola 7,000 za Marekani, na ilikuwa Ijumaa.

Sasa tufanye hesabu ambayo hukumu haikuifanya. Kampuni ilipe 200,000. Wenye nyumba walipe 193,332.96. Ukizitoa, bila kuingiza riba wala gharama nyingine, familia inabaki na peso 6,667.04. Hicho ndicho walichokipata kwa miaka saba ya kwenda na kurudi mahakamani. Kampuni nayo ilitoa pungufu ya elfu saba, ikaondoka na uamuzi unaoipa njia ya kudai deni hata pale wakaguzi wake wanapokosea utaratibu. Ukiniuliza nani alishinda, nitakwambia familia ilishinda jina na Meralco ikashinda kanuni.

Mita nyingine, majibu mengine

Kesi hii haisimami peke yake, na makosa mengi ya wanaoinukuu hutokana na kuisoma kama neno la mwisho. Miaka minne kabla yake, Februari 1998, mahakama hiyohiyo iliamua shauri la kiwanda cha Ridjo Tape & Chemical dhidi ya Meralco. Pale mita ilikuwa mbovu tu, haikuchezewa. Majaji waliikumbusha kampuni kwamba vifaa ni vyake, na wajibu wa kuvikagua na kugundua hitilafu mapema ni wake pia. Aliyezembea hawezi kuja baada ya muda mrefu na bili ndefu akadai kila kitu. Kwa hiyo swali la kwanza kwa mteja yeyote anayeletewa bili ya kurudi nyuma ni: mnasema imeharibika au mnasema imeharibiwa? Neno moja likibadilika, kesi inahamia mahali pengine.

Halafu Julai 2010 likaja shauri lingine dhidi ya Meralco, G.R. Na. 160422, na humo mteja ndiye aliyelalamika kwanza. Bili yake ilipanda ghafla, akaiomba kampuni ije ipime mita. Walipokuja wakakuta lakiri ina kasoro, na mlalamikaji akageuzwa kuwa mtuhumiwa. Safari hii mahakama ilisimama na mteja. Mtu anayeiba umeme hamwiti mwenye umeme aje kumkagua, na rekodi ya matumizi yake haikuwa na sura ya wizi. Nusu ya pili ya hukumu ya 2002 ingesomeka vizuri zaidi kama ingeuliza maswali ya namna hii kwa urefu ule ule uliotumika kuisuta kampuni.

Msomaji wa Dar es Salaam au Mombasa atasema mambo ya sahani na mishale yamepitwa na wakati, sisi tunanunua tokeni. Ni kweli kwamba kwenye LUKU, mita ya kulipia kabla ya kutumia, hakuna mshale wa kurudisha nyuma. Lakini tuhuma imehama tu. Badala ya mishale iliyokaa vibaya, kinachotazamwa sasa ni historia ya ununuzi: nyumba yenye viyoyozi viwili inayonunua uniti chache kwa mwezi itagongewa mlango. Swali la nani alikuwapo mita ilipofunguliwa linabaki palepale. Tanzania lalamiko lililoshindikana kwa mtoa huduma hupelekwa EWURA, mamlaka ya udhibiti wa nishati na maji, na asiyeridhika hukata rufaa Baraza la Ushindani. Kenya kuna EPRA, mamlaka ya udhibiti wa nishati na petroli, na juu yake baraza la rufaa la nishati na petroli lililo chini ya Sheria ya Nishati ya 2019. Hukumu ya Manila haiwafungi hao wote. Wakili anaweza kuiweka mezani kama mfano wa kushawishi, akijua mpinzani wake ataifungua ukurasa wa peso 193,332.96.

Chukua kisa hichohicho, badilisha kitu kimoja tu: mkuu wa barangay yuko langoni saa tatu asubuhi, anatazama mita ikiwa bado ukutani, anasaini. Dhana ya wizi inasimama, nguzo kubwa ya fidia ya 200,000 inaanguka, na kinachobaki cha kubishania ni kama taarifa ya maandishi ilitolewa kabla ya kukata na kama bili ilirekebishwa kwanza. Deni linabaki lilelile, hadi senti ya mwisho.